Kifungu cha Wazee

Vita vilikuwa bado vinapigwa nyumbani, na sisi tulikuwa tumeshagawana wizara. Sasa naweza kucheka nikiandika hivi, lakini wakati ule sikucheka, na mtu akicheka mbele yangu nilikuwa namkata jicho. Watu wengine wakifukuzwa kwao hupanga namna ya kusahau. Sisi tulipanga barabara. Tulipanga zahanati, shule, maji ya bomba kutoka mlimani, na salongo, kazi ya pamoja ya kila Jumamosi, ambapo hata mbunge angeshika chepe na kuzibua mtaro. Kuna mzee wa Buffalo aliyekuwa akianguka mtihani wa leseni ya gari kila anapoufanya, na yeye ndiye tuliyempa uchukuzi. Aliposikia watu wanaguna alisema, "Mutu mwenye anatembeaka na miguu njo anajua barabara mubaya." Tukampitisha.

Wanangu waliponisikia nikisema "nchi yetu" kwenye simu, waliniuliza, kwa Kiingereza kama kawaida yao, ni nchi ipi hasa. Niliwaambia ni ile ambayo waliotuchomea nyumba wanadhani tumeiacha. Siku moja wenye bunduki watachoka, na siku hiyo wasitukute tumekaa mikono mitupu. Hivyo ndivyo nilivyoamini, na bado naamini.

Chama chetu kilikuwa cha watu wa Kivu, wa ile milima inayotazama ziwa. Wengi wetu tulikulia kambini Kigoma, ng'ambo ya ziwa lile lile, kisha ndege zikatumwaga huku na huku: sisi Louisville, wengine Columbus, wengine Buffalo. Tulikutana kwenye simu kila Jumapili baada ya kanisa, na mara moja kwa mwaka tulionana uso kwa uso. Mwenyekiti wa mpango wote alikuwa mjomba wangu, mdogo wake mama. Kambini alikuwa mwalimu wetu. Sasa anapakia makasha kwenye ghala huko Columbus, lakini ukimsikia akifungua kikao utadhani chaki bado iko mkononi. Yeye ndiye aliyesema ustawi wa jamii apewe mwanamke. Nikapewa mimi. Nilijua walichofikiria, kwamba ustawi wa jamii ni mboga ya sombe na bugali vifike mezani kabla wanaume hawajaanza kuhema kwa njaa. Kikao cha kwanza nilikuja mikono mitupu, nikakaa mbele, nikauliza wajane wa vita watapewa mashamba gani. Walikula mkate siku hiyo.

Lakini jambo ninalotaka kulisema hapa si wajane. Ni mama yangu.

Mama anaishi nami mtaa wa Beechmont, kwenye nyumba ya kupanga yenye ngazi mbili tu mbele na kituo cha basi karibu na mlango. Kwanza alianza kusahau majina. Kisha akasahau Amerika yenyewe. Aliirudia kambi. Asubuhi na mapema alikuwa anakusanya madumu ya plastiki ya maziwa, anayaosha, anayapanga nje kando ya njia, moja nyuma ya lingine, halafu anakaa kuyalinda. Aliyepita kambini hahitaji kuelezwa. Bomba lilikuwa linafunguliwa kwa muda mfupi, kwa hiyo dumu lako ndilo lililosimama kwenye foleni badala yako tangu giza, na aliyethubutu kulisogeza dumu la mwenzake alitukanwa hadi kwa bibi yake aliyekufa. Hapa Louisville watu waliongoja basi waliyaruka tu yale madumu, wakadhani ni takataka. Mama akawa anawaangalia kwa hasira, akisema watu wa siku hizi hawana adabu.

Februari moja, jirani yetu Mrundi alimkuta pale nje na ndara, bila sweta, vidole vya miguu vimekuwa vya baridi mpaka havikunjiki. Dereva wa basi alikuwa amejaribu kumpandisha apate joto, mama akakataa. Angepoteza nafasi yake. Jirani alimbembeleza, akamwambia, "Ingia ndani bibi, mimi nitakulindia madumu," na ndipo mama akakubali kuinuka. Madaktari walisema miguu imepona kwa bahati.

Mimi nilikuwa wapi? Nilikuwa kazini, nawaogesha wazazi wa watu wengine. Ninafanya kazi kwenye nyumba ya kutunzia wazee. Nawageuza, nawalisha, nawasikiliza wakiwalilia mama zao. Kazi yangu naijua na siionei haya. Baada ya siku ile ya baridi, kila nilipoondoka na watoto wamekwenda shule, nilifunga mlango kwa nje.

Mwenzangu mmoja kazini ndiye aliyeniambia kuna kituo cha mchana. Gari linamfuata mzee asubuhi, anakaa na wenzake, anakula, anaangaliwa, jioni analetwa nyumbani. Nikalitaja jambo hilo kanisani, kwa sauti ya kawaida tu, tukiwa tunakunja viti. Akina mama wakaacha kukunja. Kwetu hakuna tusi kubwa kuliko hilo. Mzungu ndiye anayempeleka mzazi kwenye nyumba ya wazee. Sisi tunakufa naye mkononi. Mmoja akanishika bega kwa huruma, akasema, "Pole mama, uombe Mungu akuongezee moyo." Nilitaka kumwambia moyo ninao, ninachokosa ni mikono. Nikachukua kiti kingine nikakunja. Sikukipigia simu kile kituo. Niliogopa midomo ya watu, na nikaendelea kufunga mlango.

Hasira ile niliimalizia kwenye mpango. Niliandika kifungu changu na kukituma kwenye kundi letu la simu: kila kata ya nchi yetu itakuwa na nyumba ya wazee ya mchana, yenye jiko na kivuli, na watu wanaolipwa kuwatunza, ili mwana apate kwenda shambani au kazini bila kumfungia mzazi wake. Niliandika hivyo hivyo, "bila kumfungia." Hakuna aliyeliona neno hilo. Waliona "nyumba ya wazee" na moto ukawaka. Watu wa Columbus walituma sauti ndefu za kulaumu. Watu wa Buffalo wakaniombea. Mtu mmoja akauliza kama nimeshachukua uraia wa Amerika mpaka moyoni.

Mjomba alipiga simu mwenyewe.

"Mutoto wa yaya," akasema, yaya kwetu ndiye dada mkubwa, "ulikuwa na usingizi wakati uliandika ile kitu?"

"Nilikuwa macho kabisa, mjomba. Hata hapa Louisville ipo nyumba kama hiyo."

"Bon. Mi naandika ingine. Mzee ni wa familia yake. Inchi yetu haitajenga nyumba za kutupia bazee. Ile ni kifungu, iko mufupi, kila mutu anaelewa."

"Mjomba, kitanda usichokilalia hujui kunguni wake."

"Donc unasema mi sipendi yaya yangu?"

"Nasema unampenda ukiwa Columbus."

Nilisikia mashine za ghala zikilia nyuma yake. Kisha akasema tutaonana kwenye mkutano, na kifungu kitapigiwa kura mbele ya watu wote. Nikamwambia sawa, nitakuja, na nitakuja na yaya yake.

Mkutano wa mwaka ulikuwa Columbus. Watoto niliwaacha kwa jirani, nikamfunga mama mkanda kwenye kiti cha mbele, tukaondoka Ijumaa. Tulipovuka mto mama alishtuka, akaniuliza kama nimepata kibali cha kutoka kambini, maana polisi wakitukamata bila kibali tutalala ndani. Nilimwambia kibali ninacho. Aliuliza tena, na tena, njia nzima, na kila mara nilimjibu kibali ninacho, mpaka nikaanza kujisikia kama mtu anayesafiri kwa uongo. Tulilala kwa mjomba, kwenye ghorofa za Northland.

Asubuhi niliamka nikakuta kitanda cha mama kitupu. Nilikimbilia dirishani. Alikuwa chini, kwenye maegesho ya magari. Alikuwa amekusanya kila chombo cha jikoni kwa mjomba: dumu la mafuta ya kupikia, chupa za soda, hata birika. Vyote vimepangwa mstari. Na nyuma ya birika ilikuwepo chupa ya chai ambayo mjomba huenda nayo kazini, na mjomba mwenyewe amekaa chini kwenye lami, amevaa fulana ya kulalia, bega kwa bega na dada yake.

Nilifungua dirisha. Mama alikuwa anamwambia, "Dumu yako iko kadogo, we mutoto. Itatosha nani?" Mjomba akamjibu kwamba ametumwa na mama yao na hilo ndilo alilopewa. Mama akacheka. Ni muda mrefu sana sikuwa nimesikia mama akicheka. Alimwita kwa jina lake la utotoni, jina ambalo hata mimi sikulijua. Wakaanza kuimba wimbo wa Jumapili wa kanisa letu la kule, sauti ya kwanza na ya pili, kama walivyofundishwa. Nilisimama pale dirishani nikawa na furaha na hasira kwa pamoja, na sikujua niifuate ipi.

Mjomba alipanda juu macho yakiwa mekundu.

"Umeona?" akasema. "Hana shida. Anataka tu mutu wa kukaa naye."

"Ndiyo, mjomba. Hiyo ndiyo kazi yenyewe. Jumatatu utakaa naye?"

"Jumatatu niko kazi."

"Na mimi niko kazi."

Akaenda kuoga. Nikadhani tumeelewana.

Loo, sikumjua mjomba wangu. Ukumbi ulikuwa nyuma ya duka la vyakula vya kwetu, Morse Road, na harufu ya samaki wa ndagala ilikuwa inaingia chini ya mlango. Barabara zilipitishwa, shule zikapitishwa, zahanati ziligombaniwa kwa sababu kila mtu alitaka ya kwanza iwe kwenye kilima chake. Kilipofika kifungu cha wazee, mjomba alisimama akasimulia habari ya asubuhi ile. Aliisimulia vizuri mno, mwalimu yule. Alisimulia birika, chupa ya chai, wimbo. Alimwelekea mama, aliyekuwa amekaa mbele na mkoba wake mapajani, akasema, "Yule njo desturi yetu. Tunakaa na bazee betu. Hatuwapeleke popote." Watu wakafuta machozi. Wakapiga makofi. Mama naye akapiga makofi, maana aliona wenzake wanapiga.

Alikuwa amechukua asubuhi yake moja akanipiga nayo mbele za watu. Nilisimama kabla makofi hayajaisha.

"Mjomba amekaa na mama asubuhi moja," nikasema, "na amekaa vizuri kuliko mimi. Mimi siimbi naye. Nikitoka kazini sina sauti. Lakini mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi, ndugu zangu. Mnajua mama anashindaje Louisville? Nafunga mlango kwa nje. Naondoka na ufunguo. Mama yangu anashinda amefungiwa kama mbuzi, akigonga mlango aende bombani, na mimi niko mjini namwogesha mama wa mtu mwingine. Hiyo ndiyo familia mnayoipigia makofi. Iandikeni kwenye mpango, basi. Andikeni: mzee ni wa familia yake, na familia itafunga mlango."

Halafu mzee mmoja wa kule nyuma akasema taratibu kwamba mwanamke anayempenda mama yake angeacha kazi.

"Nikiacha kazi nitalelewa na wizara ipi?" nikamuuliza. "Yako?"

Wachache walicheka, na mjomba akapiga meza. Alikuwa ameudhika, na niliona pia kwamba ameaibika, kwa sababu ile habari ya mlango hakuijua. Sikuwahi kumwambia mtu. Akatafuta njia ya kulirudisha jambo mahali pake. Akamwonyesha binti yake, binamu yangu, aliyekuwa ametoka Buffalo, mtaa wa Riverside, na gari lake. Ni mtoto wake wa pekee aliyebaki. Anafanya kazi kiwandani, ana watoto wadogo, na ni mpole. Tangu utoto sijawahi kumsikia akipandisha sauti.

"Mi siogope uzee," mjomba akasema. "Mutoto wangu njo ule. Simama, mama. Ambia batu. Papa yako akizeeka, atatunzwa na nani?"

Binamu yangu alisimama. Aliushika mgongo wa kiti kilichokuwa mbele yake.

"Papa, sitaweza," akasema.

Nilidhani sikusikia. Mjomba naye alidhani hivyo, maana alitega sikio.

"Nitakuja kukuona," akasema. "Nitakupikia. Nitakulilia. Lakini kukutunza peke yangu sitaweza, papa, na sitadanganya mbele ya batu bote."

"Na bwana yako?"

"Tunapishana mlangoni. Yeye akiingia, mi natoka. Ni wewe ulitufundisha tusiseme uongo."

Akakaa. Mjomba alibaki amesimama. Nimewahi kumwona mtu yule siku tuliyokimbia, amebeba godoro kichwani na risasi zinalia, na hakuwa na sura ile. Nilimhurumia. Kifungu chake bado sikukihurumia.

Kura ilipigwa kwa mikono. Akina mama walitoka jikoni wakiwa na unga mpaka kwenye viwiko, na wengi wao, si wote, waliinua mikono kwa kifungu changu. Wanaume wachache waliinua pia, na mzee wa uchukuzi akainua yote miwili mpaka akaambiwa ashushe mmoja. Hatukutosha. Mjomba hakuinua mkono upande wowote. Alitangaza kwa sauti ndogo kwamba kifungu kimeanguka, na kwamba kwenye nchi yetu mzee ni wa familia yake. Nikamwambia katibu aandike kwamba mkuu wa ustawi wa jamii amekataa, na kwamba hajiuzulu, na kwamba mwakani atakileta tena, na mwaka unaofuata. Katibu akauliza kama yote hayo ni lazima yaandikwe. Nikasimama nyuma yake mpaka akaandika.

Kesho yake, tulipokuwa tunaondoka, mjomba alishuka nasi hadi kwenye gari. Alimfunga dada yake mkanda mwenyewe, akamtengenezea kola. Kisha akazunguka upande wangu, akainama dirishani, akatazama kwanza huku na huku.

"Ile nyumba ya Louisville," akasema. "Bazee banalalaka kule?"

"Hapana, mjomba. Jioni wanarudi kulala kwao."

Alifikiri kidogo. "Sikujua hivyo."

"Hukuuliza."

"Bon." Akapangusa kioo cha gari na mkono wa shati, ingawa hakikuwa kichafu. "Usiambie batu ba Buffalo kama niliuliza."

Sikumwahidi, na ndiyo maana nimeandika hapa.

Wiki ile ile nilikipigia simu kituo. Sikungoja nchi ijengwe kwanza. Kura ya Morse Road ilikuwa juu ya nchi ambayo bado inaungua, na sikuona kwa nini mama agandie mlangoni akiingoja. Walisema gari litamfuata Alhamisi, na kwamba kama napenda, dereva anaweza kuingilia uchochoro wa nyuma, maana familia nyingine za kwetu huomba hivyo. Kumbe kulikuwa na wengine. Walikuwa wanawapeleka wazee wao kwa nyuma, kimya kimya, kisha Jumapili wanakuja kukunja viti na mimi.

Nikasema gari lije mbele.

Alhamisi nilimvalisha mama kitenge kizuri kuliko vyote alivyonavyo, na kilemba chake, nikampaka mafuta usoni mpaka akang'aa. Kituo cha basi kilikuwa kimejaa watu wa zamu ya asubuhi, na kati yao akina mama wa kanisani kwetu, wawili, wamevaa sare za kazi. Gari lilisimama pale pale mbele yao. Nilimshika mama mkono tukashuka ngazi polepole, sikuharakisha hata hatua. Mmoja wao akauliza, "Mama wa watu unamupeleka wapi asubuhi hii?"

"Nyumba ya wazee," nikamjibu, kwa sauti ya kusikika hadi ng'ambo ya barabara. "Jioni atakuwa amerudi. Njooni mumsalimie."